Walter Tull: Mwanasoka yatima aliyeongoza wazungu vitani ingawa sheria ilimkataza

MNAMO Machi 25, 1918, karibu na kijiji cha Favreuil kaskazini mwa Ufaransa, wanajeshi wa Uingereza walikuwa wakirudi nyuma mbele ya mashambulizi makali ya Wajerumani. Risasi za bunduki za rashasha zilikuwa zikimiminika kila upande. Afisa kijana aliyekuwa akiwaongoza alipigwa risasi, akaanguka na hakuinuka tena.

Mmoja wa wanajeshi wake, Tom Billingham, ambaye kabla ya vita alikuwa mlindalango wa klabu ya Leicester Fosse, alijitosa katikati ya risasi kujaribu kuuondoa mwili wa kiongozi wake. Hakufaulu. Adui alikuwa akisonga mbele kwa kasi, na ikawa lazima waliosalia wajiokoe. Mwili uliachwa hapo ulipoangukia na haukuonekana tena.

Afisa huyo alikuwa Walter Daniel John Tull, aliyewahi kuzichezea klabu za Tottenham Hotspur na Northampton Town. Alikuwa amebakisha mwezi mmoja tu kutimiza umri wa miaka 30. Alikuwa pia mtu mweusi, katika jeshi ambalo sheria zake hazikutaka mtu mweusi awe afisa wa kuwaamuru wazungu.

Maisha yake yalikuwa mafupi, lakini ndani yake mlikuwa na uyatima, umaarufu, fedheha, ujasiri na deni ambalo Uingereza ilichukua zaidi ya miaka 80 kuanza kulilipa.

MTOTO WA SEREMALA

Tull alizaliwa Aprili 28, 1888, katika mji wa Folkestone, jimbo la Kent, kwenye pwani ya Uingereza inayotazamana na Ufaransa. Babake, Daniel Tull, alikuwa seremala kutoka Barbados, kisiwa cha Karibi ambako watu wa ukoo wake walikuwa wametumikishwa kama watumwa. Daniel aliwasili Uingereza mnamo 1876, akapata kazi yake ya useremala na kumwoa Alice Palmer, binti mzungu wa Kent.

Familia hiyo haikuwa na mali, ila haikulala njaa. Hayo yalibadilika mnamo 1895 wakati Alice alipofariki kutokana na maradhi ya saratani. Walter alikuwa na umri wa miaka saba hivi. Babake alioa tena, mara hii akimwoa Clara, jamaa wa marehemu mkewe, ili watoto wapate wa kuwalea. Lakini mnamo Desemba 1897, Daniel naye alifariki kwa ugonjwa wa moyo.

Clara aliachwa mjane akiwa na watoto wa mumewe na mtoto wake mchanga. Hakuwa na uwezo wa kuwalisha wote. Kwa usaidizi wa kanisa la Methodisti, uamuzi mchungu ulifanywa: Walter na kakake Edward wangepelekwa London, kwenye makao ya watoto mayatima yaliyoendeshwa na kanisa hilo mtaani Bethnal Green. Mnamo Februari 1898, wavulana hao wawili waliingia katika makao hayo. Walter alikuwa na miaka tisa.

Pigo jingine lilikuwa njiani. Edward alikuwa na sauti nzuri na alijiunga na kwaya ya makao hayo, iliyokuwa ikizunguka nchini kuchangisha pesa. Katika mojawapo ya ziara hizo alipendwa na familia ya Warnock ya jijini Glasgow, Uskoti, ambayo ilimchukua na kumfanya mtoto wao mnamo 1900. Edward alisomeshwa hadi akawa daktari wa meno, miongoni mwa watu weusi wa kwanza kufanya kazi hiyo Uingereza.

Walter alibaki London peke yake. Hata hivyo, undugu wao haukukatika. Kwa maisha yake yote Edward ndiye aliyekuwa mtu wake wa karibu zaidi, na ni kwa jina la Edward ambapo jeshi lingekuja kuandika barua ambayo hakuna anayependa kuipokea.

KUTOKA UWANJA WA MAYATIMA HADI LIGI KUU

Katika makao hayo Walter alifunzwa kazi ya uchapishaji, ufundi ambao ungemwezesha kujitegemea akiwa mtu mzima. Lakini kilichomtofautisha na wenzake kilikuwa mpira. Aliichezea timu ya makao hayo, na mnamo 1908, akiwa na miaka 20, alialikwa kufanyiwa majaribio na Clapton, mojawapo ya klabu bora zaidi za soka ya ridhaa jijini London wakati huo.

Msimu wake wa kwanza ulikuwa wa ajabu. Kufikia mwisho wa msimu wa 1908-09, Clapton walikuwa wametwaa Kombe la FA la timu za ridhaa, Kombe Kuu la London na Kombe la Ridhaa la Jimbo la London. Magazeti ya michezo yalianza kumwandika kijana huyo kama mmoja wa wachezaji bora kabisa waliogunduliwa mwaka huo.

Tottenham Hotspur walimwona mapema. Walimjumuisha katika kikosi kilichozuru Argentina na Uruguay katikati ya mwaka wa 1909, na waliporejea wakampa mkataba wa kuwa mwanasoka wa kulipwa. Alipokea pauni 10 za kutia saini na mshahara wa pauni nne kwa wiki, kiwango cha juu kabisa kilichoruhusiwa wakati huo. Kwa yatima aliyekuwa mwanafunzi wa uchapishaji, huo ulikuwa utajiri.

Hakuwa mtu mweusi wa kwanza kucheza soka ya kulipwa nchini humo. Arthur Wharton, mlindalango aliyezaliwa Accra katika nchi ambayo leo ni Ghana, alikuwa amemtangulia kwa zaidi ya miaka 20. Hata hivyo, wachezaji wa rangi yake walikuwa wachache kiasi cha kuhesabika kwa vidole, na kila alipoingia uwanjani maelfu ya macho yalimtazama yeye kwanza.

Mechi yake ya kwanza ya ligi ilichezwa Septemba 1, 1909 ugenini dhidi ya Sunderland. Ilikuwa pia mechi ya kwanza kabisa ya Tottenham katika Ligi ya Daraja la Kwanza, ambayo ndiyo iliyokuwa ngazi ya juu zaidi. Spurs walipoteza kwa mabao 3-1. Siku chache baadaye aliingia katika uga wa nyumbani wa White Hart Lane kukabiliana na Manchester United, waliokuwa mabingwa wa Kombe la FA. Mbele ya umati uliozidi watu 30,000, Tull alisababisha penalti na mechi ikaisha kwa sare ya 2-2. Wiki iliyofuata alifunga bao lake la kwanza dhidi ya Bradford City.

Waandishi wa habari walisifu utulivu wake. Hakuwa mchezaji wa mbio nyingi. Nguvu yake ilikuwa katika kuusoma mchezo, kutoa pasi kwa wakati ufaao na kutokubali kuchokozwa.

SIKU CHUNGU BRISTOL

Oktoba 1909, Tottenham walisafiri hadi Bristol kuchuana na Bristol City. Kilichotokea huko ndicho kilichobadilisha maisha ya Tull katika soka.

Sehemu ya mashabiki wa nyumbani ilimzomea na kumtusi kwa rangi yake tangu mwanzo wa mchezo. Matusi hayo yalikuwa machafu kiasi kwamba ripota mmoja wa gazeti la michezo aliyekuwa uwanjani aliona aibu na kuyalaani waziwazi katika taarifa yake. Mwandishi huyo aliwaambia wasomaji kwamba Tull hakujibu hata neno moja, kwamba alicheza mpira safi mwanzo hadi mwisho, na kwamba alikuwa mshambulizi bora kuliko wote waliokuwa uwanjani siku hiyo.

Taarifa hiyo ni mojawapo ya rekodi za zamani zaidi za ubaguzi wa rangi viwanjani nchini Uingereza. Wasomaji wa leo ambao wameshuhudia wachezaji weusi wakitupiwa maneno kama hayo katika viwanja vya Ulaya, watatambua kwamba ugonjwa huo haukuanza jana.

Muda mfupi baadaye Tottenham walimwondoa katika kikosi cha kwanza na kumpeleka timu ya akiba. Alikuwa amecheza mechi saba pekee. Klabu haikutoa maelezo ya wazi. Wanahistoria wengi wa mchezo huo wanaamini kwamba wasimamizi waliogopa kelele za mashabiki kuliko walivyothamini kipaji cha mchezaji wao. Katika misimu miwili aliyobaki hapo, alichezea kikosi cha kwanza mechi 10 tu kwa jumla na kufunga mabao mawili.

Tull hakuacha mpira. Aliendelea kusakata gozi katika timu ya akiba akisubiri mtu wa kumpa nafasi.

CHAPMAN AMFUNGULIA MLANGO

Mtu huyo alikuwa Herbert Chapman. Mashabiki wa Arsenal wanalijua jina hilo vyema, kwani ndiye mkufunzi aliyeifanya klabu hiyo kuwa himaya katika miaka ya 1930. Lakini mnamo 1911 Chapman alikuwa bado mkufunzi kijana wa Northampton Town, klabu iliyoshiriki Ligi ya Kusini katika mji uliosifika kwa utengenezaji wa viatu.

Chapman mwenyewe aliwahi kuichezea Tottenham, na alijua kutofautisha mchezaji mbaya na mchezaji aliyewekwa kando. Mnamo Oktoba 1911 alimsajili Tull kwa ada iliyoelezwa kuwa nono, huku mchezaji Charlie Brittan akielekea Tottenham katika mpango huo huo.

Northampton ndipo Tull alipochanua. Chapman alianza kwa kumtumia katika safu ya mbele, na katika mechi moja dhidi ya Bristol Rovers alifunga mabao manne peke yake. Bristol ndio mji ambao mashabiki wake walikuwa wamemdhalilisha, ingawa mara hii klabu ilikuwa nyingine. Baadaye alirudishwa nyuma na kuwa kiungo, nafasi iliyoufaa zaidi utulivu wake na jicho lake la kuona pasi.

Alivalia jezi za Northampton katika mechi 111 za kikosi cha kwanza. Chapman alipoondoka mnamo 1912 kujiunga na Leeds City, Tull alibaki, na kufikia 1914 alikuwa kipenzi cha mashabiki wa mji huo. Wahenga walisema asiyekujua hakuthamini. Mashabiki wa Northampton walimjua kwa kumtazama Jumamosi baada ya Jumamosi, na wakampenda.

Alikuwa na miaka 26, katika kilele cha uwezo wake. Ndipo vita vikazuka.

KIKOSI CHA WANASOKA

Uingereza ilitangaza vita dhidi ya Ujerumani Agosti 4, 1914. Vijana kwa maelfu walijitokeza kujiandikisha jeshini, lakini ligi za soka ziliendelea kama kawaida. Wachezaji walikuwa na mikataba, na klabu hazikutaka kufunga milango.

Haukupita muda kabla ya lawama kuanza. Wanasiasa, viongozi wa dini na magazeti waliuliza ni vipi wanaume wenye afya njema walilipwa kupiga mpira wakati wenzao walikuwa wakifa katika mahandaki ya Ufaransa na Ubelgiji. Mashabiki nao walilaumiwa kwa kwenda kuwatazama.

Ili kujibu shutuma hizo, mnamo Desemba 15, 1914 mkutano uliitishwa katika ukumbi wa mji wa Fulham, London, ambapo iliundwa Batalioni ya 17 ya Kikosi cha Middlesex, iliyokuja kujulikana kama Batalioni ya Wanasoka. Clapton Orient, klabu ya mashariki mwa London ambayo leo inaitwa Leyton Orient, ilitoa mfano mkubwa zaidi, kwani wachezaji na wafanyakazi wake wapatao 40 walijiandikisha. Wengine waliojiunga ni Vivian Woodward, mshambulizi wa Chelsea aliyekuwa ameshinda dhahabu mbili za Olimpiki akiwa na Uingereza, na Frank Buckley, mlinzi aliyepanda cheo hadi kuwa meja na ambaye baada ya vita alikuwa mkufunzi mashuhuri wa Wolverhampton Wanderers.

Si wote walioitikia mwito kwa haraka. Kufikia Machi 1915, wanasoka wa kulipwa waliokuwa wamejiandikisha katika batalioni hiyo walikuwa 122 pekee, na nafasi nyingi zilijazwa na mashabiki waliotaka kupigana bega kwa bega na mashujaa wao wa uwanjani.

Tull hakusubiri kusukumwa. Alijiandikisha mwezi huo huo wa Desemba, akawa mchezaji wa kwanza wa Northampton Town kufanya hivyo. Mwanzoni wachezaji hao waliruhusiwa kwenda kuzichezea klabu zao siku za Jumamosi na kurejea kambini. Msimu ulipokamilika mnamo Aprili 1915, ligi ilisimamishwa. Haikurejea hadi 1919.

Katika mazoezi, makamanda waliona kile ambacho Chapman alikuwa amekiona. Mtu asiyepandwa na hasira, ambaye wenzake walimsikiliza bila yeye kupaza sauti, ana thamani kubwa jeshini. Tull alipandishwa cheo mara tatu kwa kipindi kifupi hadi akawa sajini.

MAHANDAKI YA UFARANSA

Batalioni ya Wanasoka ilivuka bahari kuingia Ufaransa Novemba 1915. Huko wachezaji walikutana na maisha ambayo hakuna mazoezi yaliyoweza kuwatayarisha kwayo: matope yaliyofika magotini, panya, baridi kali, maiti na mizinga iliyonguruma mchana na usiku.

Tull alikuwa mtulivu, lakini hakuwa wa chuma. Katika miezi ya mwanzo ya 1916 akili yake ilizidiwa na yale aliyoyapitia. Alikumbwa na maradhi ambayo leo tungeyaita kiwewe cha vita, akarudishwa Uingereza mnamo Mei kwa matibabu.

Alipokuwa akitibiwa, vita vya Somme vilianza. Siku ya kwanza pekee, Julai 1, 1916, zaidi ya wanajeshi 19,000 wa Uingereza waliuawa. Batalioni ya Wanasoka iliingia katika vita hivyo na ikaumia vibaya. Clapton Orient ilipoteza wachezaji watatu: William Jonas, George Scott na Richard McFadden, aliyekuwa mfungaji wao mahiri. Wengi waliorejea hawakuweza kucheza tena kutokana na majeraha.

Mtu aliyekwisha kuvunjwa moyo na vita mara moja angeweza kueleweka kama angetafuta kazi nyepesi nyumbani. Tull alirudi Ufaransa Septemba mwaka huo, safari hii akipangiwa Batalioni ya 23 ya Middlesex, iliyokuwa batalioni ya pili ya wanasoka. Alipigana katika awamu za mwisho za Somme hadi Desemba, alipougua homa ya mahandaki na kurudishwa nyumbani tena.

AFISA ASIYERUHUSIWA NA SHERIA

Ni wakati huo ambapo makamanda wake walifanya jambo lililokwenda kinyume na kanuni za jeshi. Walimpendekeza apewe mafunzo ya uafisa.

Mwongozo wa sheria za kijeshi wa 1914 ulikuwa wazi. Watu wasiokuwa wa asili ya Kizungu wangeweza kuandikwa jeshini, lakini hawakutakiwa kupewa mamlaka ya kuwaamuru wengine kama maafisa. Imani iliyokuwa nyuma ya sheria hiyo ni kwamba mwanajeshi mzungu hangekubali kupokea amri kutoka kwa mtu mweusi.

Imani hiyo hiyo ilitawala katika himaya nzima ya Uingereza. Katika vita hivyo hivyo, hapa Afrika Mashariki, Waafrika walipigana chini ya King's African Rifles na wengine kwa maelfu walilazimishwa kubeba mizigo ya jeshi katika kikosi cha wapagazi kilichoupa mtaa wa Kariakor jijini Nairobi jina lake. Walikufa kwa risasi, njaa na maradhi, lakini maafisa waliowaamuru walikuwa wazungu.

Kilichofungua mlango kwa Tull kilikuwa mambo mawili. Kwanza, maafisa wengi walikuwa wameuawa, na jeshi lilihitaji wengine haraka kutoka miongoni mwa askari wa kawaida. Pili, waliomjua waliona hakuna aliyefaa kuliko yeye. Mapema mwaka wa 1917 alipelekwa katika chuo cha mafunzo cha Gailes nchini Uskoti, si mbali na Glasgow alikokuwa akiishi Edward. Mnamo Mei 30, 1917 alihitimu na kupewa cheo cha luteni wa pili.

Kwa miaka mingi ilielezwa kwamba ndiye mtu mweusi wa kwanza kuwa afisa katika jeshi la Uingereza. Utafiti wa baadaye umeonyesha kwamba walikuwapo wengine wachache, kama vile David Clemetson, mzaliwa wa Jamaica aliyepata cheo mnamo 1915. Hilo halimpunguzii Tull heshima. Kila mmoja wao alipita katika mlango ambao sheria ilisema umefungwa, na Tull ni miongoni mwa wa kwanza kabisa kuwaongoza wanajeshi wazungu katika uwanja wa mapigano.

USIKU WA MTO PIAVE

Mwishoni mwa 1917, Batalioni ya 23 ilihamishiwa Italia kuwasaidia Waitaliano waliokuwa wamelemewa na majeshi ya Austria na Ujerumani. Mstari wa vita ulipita kando ya mto Piave, wenye maji ya kasi na baridi kali.

Usiku wa mwaka mpya wa 1918, Tull aliongoza wanajeshi 26 kuvuka mto huo gizani na kuingia upande wa adui. Kazi ya aina hiyo iliogopwa kuliko nyingine nyingi, kwani kosa dogo tu, kama kikohozi au jiwe lililoteleza, lingewafichua wote. Walishambuliwa kwa risasi, lakini Tull aliwarejesha wanajeshi wake wote salama. Hakupoteza hata mmoja.

Kamanda wa divisheni, Meja Jenerali Sydney Lawford, alimtaja rasmi kwa ushujaa na utulivu wake. Sifa hiyo ya utulivu ndiyo ile ile ambayo waandishi wa michezo walikuwa wameiandika miaka tisa awali walipomwona White Hart Lane na Bristol. Na ile hofu ya waliotunga sheria haikuonekana. Wanajeshi 26 walimfuata afisa mweusi ndani ya maji baridi usiku, na kwa amri zake wakarudi hai.

Mapema Machi batalioni ilirudishwa Ufaransa. Machi 21, 1918, Ujerumani ilianzisha mashambulizi makubwa kwa nia ya kumaliza vita kabla ya majeshi ya Marekani kuwasili kwa wingi. Ngome za Waingereza zilivunjika. Siku nne baadaye, Tull aliuawa akiwa na wanajeshi wake walipokuwa wakirudi nyuma.

BARUA KWA EDWARD

Habari zilimfikia Edward huko Uskoti. Waliokuwa maafisa wenzake Walter walimwandikia kumweleza jinsi ndugu yake alivyopendwa katika batalioni nzima, na kwamba alikuwa amependekezwa kutunukiwa nishani ya Military Cross, mojawapo ya nishani kuu za ushujaa kwa maafisa.

Nishani hiyo haikutolewa. Pendekezo lenyewe halijapatikana katika nyaraka za kijeshi zilizohifadhiwa. Baadhi ya watafiti wanaona kwamba kumtunuku kungelazimu jeshi kukiri hadharani kwamba lilikuwa limevunja sheria yake lenyewe kwa kumfanya afisa. Alichopewa ni zile nishani za kawaida za kushiriki vita ambazo mamilioni ya wanajeshi walipewa.

Kwa kuwa hana kaburi, jina lake liliandikwa katika mnara wa kumbukumbu wa Arras nchini Ufaransa, pamoja na majina ya takriban wanajeshi 35,000 ambao miili yao haikupatikana. Ripoti za magazeti ya wakati huo zilisema kwamba alikuwa amekubali kuichezea Rangers ya Glasgow baada ya vita. Angekuwa katika mji mmoja na Edward kwa mara ya kwanza tangu utotoni mwao.

Baada ya hapo jina lake lilififia. Soka ilirejea, wachezaji wapya wakaibuka, na vizazi vya mashabiki wa Tottenham na Northampton vilikua bila kusikia habari zake.

HESHIMA ILIYOCHELEWA

Ni katika miaka ya 1990 ambapo wanahistoria, hasa Phil Vasili, walianza kuyafufua maisha yake kutoka katika kumbukumbu za makao ya mayatima, klabu na jeshi. Julai 1999, Northampton Town ilizindua bustani na ukuta wa ukumbusho wake nje ya uwanja wa Sixfields. Barabara inayopita hapo ilipewa jina lake. Baadaye sura yake ilichapishwa katika sarafu ya kumbukumbu ya 2014, na katika stempu ya posta ya 2018, miaka 100 tangu kifo chake. Mwaka huo zaidi ya wabunge 100 wa Uingereza waliitaka serikali impe Military Cross aliyonyimwa. Mnamo 2021 jina lake liliingizwa katika orodha ya wanasoka mashuhuri wa Uingereza.

Ukitazama maisha ya Tull kwa makini, unaona jambo moja likijirudia. Mashabiki wa Bristol waliomtusi hawakumjua. Waliotunga sheria ya maafisa hawakumjua. Lakini kila aliyemjua kwa karibu, kuanzia Chapman hadi makamanda waliomwona mahandakini, alimwamini na kumpa jukumu zito zaidi.

Miongoni mwao yumo Tom Billingham, mlindalango wa Leicester. Hakuna sheria iliyomwamuru arudi katikati ya risasi siku ile ya Machi kwa ajili ya mwili wa mtu aliyekwisha kufa. Alirudi kwa sababu aliyekuwa ameanguka pale alikuwa kiongozi wake.